Katuruka: Ufundi wa Chuma Unaozipita Hadithi Zote

Kama unapenda hadithi za kubuni, zile ambazo ndani yake fundi wa ajabu husema na moto mpaka jiwe likazaa upanga, weka kitabu chini kwanza. Panda gari uende Maruku, Bukoba Vijijini, ushuke Katuruka. Fundi huyo alikuwapo! Wahaya walimwita omuhesi, na mizungu yake ilitoa majembe yaliyolima na mikuki iliyopigana. Nimefika hapo kwa mara ya kwanza, na hata sasa ninapoandika moyo unanienda mbio.

Katuruka palikuwa na ikulu ya Rugomora Mahe, Mukama wa Kyamutwara katika karne ya 17. Masimulizi yanasema aliwaamuru wahunzi wamjengee mnara wa chuma ufike mbinguni, apate kujua huko juu kuna nini. Chuma chake kilifuliwa penye mti uitwao Kaiija. Mnara ukapanda, ukapanda, kisha ukaporomoka. Hadithi tamu, sivyo? Ngoja uone inapokupeleka. Mwaka 1970 mwanaakiolojia Mmarekani, Peter Schmidt, alichimba palepale ambapo wazee walimwonyesha. Chini ya ardhi alikuta mabaki ya kazi ya chuma yanayokadiriwa kuwa na zaidi ya miaka 2,000. Yaani moto wa wahunzi uliwaka hapo karne nyingi kabla Rugomora hajazaliwa, na watu wasioandika hata mstari mmoja waliendelea kujua ni wapi. Nilipoelezwa hilo nikiwa nimesimama kwenye ardhi yenyewe, miguu iliniishia nguvu.

Sasa tuingie kwenye ufundi wenyewe, kwa maana hapa ndipo utamu ulipo. Linaanza shimo la mviringo, linalosiribwa kwa udongo wa kichuguu kwa sababu huo huvumilia moto mkali. Chini kabisa, katikati, kinachimbwa kishimo kingine kidogo: hapo fundi huweka dawa. Kisha majani ya kinamasini hujazwa shimoni na kuchomwa hadi yawe makaa meusi. Juu yake unainuka ukuta wa tanuri, uliojengwa kwa mabonge ya mavi ya chuma yaliyobaki kwenye kazi za zamani, yakiungwa kwa udongo uleule wa kichuguu. Mawe yenye chuma nayo yamekwisha kuokwa pembeni kabla ya kuingia tanurini pamoja na makaa ya miti. Halafu inakuja mirija ya udongo. Mafundi hawakuiishia mlangoni mwa tanuri; waliisukuma ndani, hadi kwenye tumbo la moto, na kila mrija ukawa na mvukuto wake na mtu wa kuuvukuta. Saa baada ya saa mikono inapanda na kushuka, na nyimbo ndizo zinazoshika mwendo.

Na tanuri hilo ni mwanamke. Shimo ni tumbo la uzazi, chuma ni mtoto anayesubiriwa. Ndiyo maana dawa za shimoni zilikuwa za kuomba uzazi, na ndiyo maana mafundi walijitenga na wake zao muda wote wa kazi, mtoto asiharibike. Niambieni, ni mtunzi gani wa riwaya aliyewahi kubuni kazi yenye masharti mazito na mazuri namna hii?

Kazi hii ilikufa katika karne ya 20, baada ya majembe ya viwanda vya ng'ambo kujaa sokoni. Lakini walikuwapo wazee walioifanya wakiwa vijana, na katika miaka ya 1970 waliijenga upya mbele ya watafiti. Wakayeyusha. Chuma kikatoka! Mwaka 1978 Schmidt na mwenzake Donald Avery wakaeleza jambo hilo katika jarida la Science. Hoja yao: hewa ikipita kwenye mirija iliyozama motoni hupata joto kabla ya kufika kwenye makaa, na kaboni ya majani yaliyochomwa huingia kwenye chuma, hata sehemu yake ikawa feleji. Ulaya, mbinu ya kuipasha hewa moto kabla haijaingia tanurini ilipewa hataza mwaka 1828, kwa Mskochi James Beaumont Neilson. Wapo wataalamu waliobisha kuhusu kiasi cha joto ambacho hewa ya mirija ya Buhaya ilipata, na wabishane tu, kwani sayansi hukua hivyo. Chuma kilitoka mbele ya macho ya watu.

Kilichonivutia kuliko vyote ni kwamba dawa na majani ya kinamasini vilikaa katika shimo moja. Kwa omuhesi, kuomba uzazi na kulisha chuma kaboni ilikuwa kazi moja ya siku moja, mikononi mwa mtu mmoja. Sisi tumezoea kutenganisha, tukaviita kimoja imani na kingine sayansi, kisha tukakipuuza cha kwanza. Fundi wa Katuruka hakuacha lolote nje ya tanuri, na ukuu wake nauona hapo.

Wanakijiji wenyewe ndio walioamua kuifufua sehemu hii, wakaijenga tena nyumba ya msonge iitwayo Buchwankwanzi. Ingia ndani. Inua macho utazame nyasi zinavyopanda mzunguko kwa mzunguko hadi kileleni, kisha kumbuka kwamba chini ya sakafu ya historia hii kuna moto wa kale zaidi.

Ndugu zangu wa Muleba, watu wa Ihangiro, ninyi hamna kisingizio. Kila mkija Bukoba mnapita Kemondo mkiwazia meli na samaki, na ni hukohuko Kemondo ambako matanuri mengine ya kale yalifukuliwa. Walimu, leteni wanafunzi wa historia pamoja na wa kemia, wakae duara moja. Watunzi wa riwaya na michezo ya kompyuta, njooni na madaftari. Dunia mnayohangaika kuibuni ina makao yake hapa Kagera.

Ukifika, omba uelezwe habari za mirija kwanza, halafu mnara. Nami nawahimiza bila kusita: nendeni, na nendeni mapema, wakati wapo wazee wa kuwasimulia.