Kalenda ya Kubuni na Suala la Wakati katika Riwaya ya Kifantasia

Mwalimu mwenzangu, nawe mtahiniwa, chunguza majibu ya swali la mandhari katika insha za fasihi. Mahali huelezwa kwa aya nzima. Wakati aghalabu hupewa sentensi moja tu: "Riwaya hii inatokea baada ya uhuru." Kisha mtahiniwa huyo huvuka kwenda kwa wahusika. Kasoro hii haitokani na uvivu, bali na imani kwamba wakati katika fasihi ni tarehe, na tarehe haina la kuhakikiwa.

Makala haya yanapinga imani hiyo kwa mfano wa mbali: kalenda ambayo Mwingereza J.R.R. Tolkien aliibunia ulimwengu wa riwaya yake The Lord of the Rings (1954-1955). Mtunzi wa riwaya ya kihalisia hukopa kalenda iliyopo. Mtunzi wa fantasia hana budi kuchagua, na palipo na uchaguzi mhakiki ana haki ya kuuliza sababu.

Muundo wa kalenda

Katika Shire, nchi ya Wahobiti, mwaka una miezi kumi na miwili ya siku 30 kila mmoja. Hizo ni siku 360. Siku tano zinazosalia hazimo katika mwezi wowote: mbili ni sikukuu za kufunga na kufungua mwaka, na tatu ni za katikati ya mwaka. Kila mwaka wa nne, isipokuwa ule wa kufunga karne, siku moja huongezwa. Siku ya katikati kabisa, pamoja na hiyo ya nyongeza, hazihesabiwi katika juma; si Jumatatu wala Jumanne. Hivyo basi hubaki siku 364, yaani majuma 52 kamili, na kila tarehe huangukia siku ile ile ya juma mwaka nenda mwaka rudi.

Usidhani hesabu hii ni ngeni kwetu. Mwaka wa jua wa Waswahili, unaofunguliwa kwa Nairuzi, ulihesabiwa kwa miongo 36 ya siku kumi kumi, na siku tano za ziada. Vilevile, juma la Wahobiti huanza siku inayolingana na Jumamosi na kuishia Ijumaa, ambayo ndiyo siku yao kuu ya mapumziko na karamu. Simaanishi kwamba Tolkien alituiga. Ijumaa yetu ilipata ukubwa wake kutokana na swala; ya Wahobiti ni ya kula na kustarehe. Tofauti hiyo inatufunza jambo: mpangilio wa siku hufichua kile ambacho jamii inakithamini.

Uamilifu wa kalenda

Kiini cha hoja yetu ki hapa. Pete ya uovu inaangamizwa tarehe 25 Machi. Mfalme wa Gondor anaifanya siku hiyo kuwa mwanzo wa mwaka katika hesabu mpya. Isitoshe, siku ya kuzaliwa kwa Frodo, 22 Septemba, inafanywa sikukuu kwa heshima yake. Hesabu hiyo inaenea kote katika himaya, ila Shire. Wahobiti wanashikilia kalenda yao ya jadi. Mwaka wa kwanza wa Enzi ya Nne, wao wanauita 1422. Zaidi ya hayo, hakuna kumbukumbu kwamba waliadhimisha 25 Machi wala 22 Septemba. Baadhi yao hucheza ngoma tarehe 6 Aprili, lakini hawaafikiani kuhusu sababu. Wapo wasemao ni siku ya kuzaliwa kwa Sam, wengine kwamba ndiyo siku mti wa dhahabu ulipochanua mara ya kwanza mwaka 1420, na wengine kwamba ni mwaka mpya wa Waelfi.

Kinaya hiki ni kikali. Ugenini Frodo ana sikukuu. Kwao, alikoondoka ili kukuokoa, hana hata siku moja. Ngoma imebaki, maana yake imepotea. Mtahiniwa anayesema kwamba maudhui ya riwaya hii ni "ushindi wa wema dhidi ya uovu" hajakosea, ila ameacha nusu ya jibu. Nusu ya pili ni kujitolea kusikokumbukwa, na ushahidi wake umo katika kalenda.

Mkenya hahitaji kusafiri mbali kulielewa hili. Tarehe 20 Oktoba iliitwa Siku ya Kenyatta hadi Katiba ya 2010 ilipoifanya Sikukuu ya Mashujaa. Tarehe haikubadilika, aliyekumbukwa ndiye aliyebadilika.

Udhaifu

Hata hivyo, tusimsifu mtunzi kupita kiasi. Maelezo haya yote yamo katika nyongeza, mwishoni mwa kitabu cha tatu, mahali ambapo wasomaji wengi hawafiki. Huenda mtu akamtetea kwamba kusahauliwa hakupigiwi tarumbeta, na kwamba ndani ya hadithi yenyewe Sam anasikitika kuona Frodo hapewi heshima kwao. Utetezi huo nauafiki kwa kiasi. Hata hivyo, dokezo la Sam ni fupi, na kinaya kinachobeba maudhui mazito hivi kilistahili nafasi kubwa zaidi katika msuko.

Kwa mtahiniwa

Unapohakiki wakati katika riwaya yoyote, iwe ya kihalisia au iliyobuni jamii yake kama Walenisi (1995) ya Katama Mkangi, jiulize: Ni nani anayeuhesabu wakati, na kwa faida ya nani? Ni siku gani inayoadhimishwa, na ni ipi iliyosahauliwa? Je, wahusika wote wanaikubali hesabu hiyo? Kila jibu litolee mfano kutoka kwenye kitabu.

Zoezi: Chagua sikukuu au tarehe moja inayotajwa katika riwaya unayoisoma darasani. Eleza jinsi wahusika wawili wa matabaka tofauti wanavyoiona siku hiyo, na ujadili jinsi tofauti hiyo inavyoendeleza maudhui. (alama 20)