Saksofoni ya Masaa Kumi

Vijana wa kwaya walituonyesha ndani ya simu mtu mmoja mwenye miwani, apulizaye saksofoni huku akitikisa kiuno. Sauti zake ni chache, zaisha upesi, kisha zaanza tena, na tena. Tukauliza wimbo utakwisha lini. Wakacheka: «Baada ya masaa kumi, mwalimu.»

Mtu huyo ni Sergey Stepanov wa nchi ya Moldova. Mwaka 2010 alikwenda Oslo na wenzake wa SunStroke Project, kushindana katika Eurovision kwa wimbo wao Run Away. Katika fainali nchi zilikuwa 25. Wao wakawa wa 22. Ndipo watu wa intaneti wakakata kipande cha saksofoni, wakakiunga mkia kwa kichwa hata kikajaa masaa kumi, wakakitia katika YouTube.

Basi, tuupime mchezo huu. Kipande chenyewe ni kitamu, tusifiche. Hata sisi tulikishika siku ile ile. Wala hatulaumu kurudia, maana rozari yetu yarudia Salamu Maria mara 50. Lakini kila Salamu yataka pumzi mpya. Na saksofoni ni chombo cha pumzi: Mbelgiji Adolphe Sax, mzaliwa wa Dinant, aliyepata hati ya uvumbuzi wake huko Paris mwaka 1846, aliufanya mwili wake wa shaba, akatia utete mdomoni, nao hutetemeka mtu akipuliza. Midomo huchoka, pumzi hukatika, sauti hubadilika kidogo. Wazee waliomsikia Verckys katika OK Jazz watatuelewa. Katika yale masaa kumi Stepanov hapumui hata mara moja.

Tena wengine wamesahauliwa kabisa. Wimbo ulikuwa na fidla ya Anton Ragoza, na sauti ya Olia Tira. Nani awataja?

Vijana wakatujibu kwamba mzaha ule ulimpa sifa duniani kote. Ni kweli, na mwaka 2017 kikundi kilirudi, huko Kyiv, na wimbo Hey Mamma. Saksofoni ikapulizwa tena, wakawa wa 3. Twakubali. Hata hivyo tuliwaomba jambo moja: tuusikilize Run Away mzima, maana sheria ya mashindano yale hairuhusu wimbo kupita dakika 3.

Tukasikiliza, simu katikati ya benchi. Mmoja akainua kichwa: «Kumbe mna fidla!»