Malaba, mahali reli ya Kampala inapoamuliwa

Mzigo unaotoka bandari ya Mombasa kwenda Kampala kwa lori una milango miwili mikubwa ya kuingilia Uganda: Busia na Malaba. Kwa reli mlango ni mmoja tu, Malaba, katika wilaya ya Tororo. Barabara ya Busia inatoka Kisumu na kunyoosha hadi Bugiri na Iganga, lakini treni haijawahi kuuvuka mpaka pale, na mpango mpya wa reli ya kipimo cha kimataifa (SGR) haukuibadilisha hali hiyo. Anayetaka kuelewa jinsi reli ya Malaba hadi Kampala ilivyopangwa ni heri aanzie mpakani, aiache Kampala na Nairobi kwa muda. Maamuzi mazito ya mradi huu, ya fedha, ya umeme, hata ya ratiba, yamefungwa kwenye sehemu moja ambapo njia za nchi mbili zinatakiwa kukutana.

Mpaka wenyewe una deni kwa reli. Njia ya kwanza kutoka Mombasa ilipofika Kisumu Desemba 1901, Kisumu ilikuwa ndani ya Mkoa wa Mashariki wa Uganda. Mwaka 1902 Waingereza wakauhamishia mkoa ule upande wa pili, ardhi ambayo baadaye ikawa Kenya, na reli yote ikawa chini ya utawala mmoja. Kwa miaka mingi mzigo wa Uganda ulishushwa Kisumu ukapakiwa melini kuvuka ziwa. Njia ya nchi kavu ilikuja baadaye, kupitia Nakuru na Eldoret, ikipanda Timboroa kwenye mwinuko unaozidi mita 2,700, kisha ikashuka na kuingia Tororo katika miaka ya 1920. Daraja la Mto Nile pale Jinja lilipokamilika mwaka 1931, Kampala ikaunganishwa na Mombasa bila kutegemea meli.

Kwa nini Tororo? Kwa sababu pale reli iligawanyika. Tawi moja lilikwenda Mbale na Soroti kufuata pamba ya Bukedi na Teso, likasogezwa hadi Gulu na hatimaye Pakwach mwaka 1964. Miaka ya 1950 chokaa ya Tororo ikazaa kiwanda cha saruji, na saruji ni mzigo ambao reli huupenda: mzito, wa kila siku, usioharibika. Wapangaji wa SGR waliikuta njia panda hiyo tayari na wakaishika, maana tawi la kaskazini kuelekea Gulu na mpaka wa Sudan Kusini linaanzia Tororo katika mpango mpya pia. Kuipitisha njia Busia kungeisogeza mbali na tawi hilo. Kwa hoja ya kihandisi nakubaliana nao. Kwa hoja ya biashara ya mpakani nina neno, nitalisema chini.

Wengi huiita reli hii ya mwendokasi. Kwa vipimo vya dunia haijafika huko, kwani njia mpya huhesabiwa kuwa ya mwendokasi ikijengwa kwa kilomita 250 kwa saa au zaidi. Afrika nzima inayo moja, ya Moroko, ambako treni ya Al Boraq tangu 2018 inakimbia kilomita 320 kwa saa kati ya Tangier na Kenitra. Dar es Salaam hadi Dodoma, ambako abiria walianza kusafiri Julai 2024, njia imesanifiwa kwa kilomita 160. Ya Uganda imesanifiwa kwa 120 kwa treni ya abiria na 100 kwa ya mizigo.

Namba hizo hazichaguliwi kwa fahari. Huamuliwa na kona. Treni inapopinda, nguvu inayoisukuma nje hukua kwa mraba wa mwendo wake. Reli ya nje huinuliwa kidogo ili kuizuia nguvu hiyo, lakini huwezi kuinua sana mahali ambapo treni nzito za mizigo zitapita taratibu juu ya njia ileile, kwa sababu zitaielemea na kuila reli ya ndani. Ukichukua mwinuko wa kawaida na kuruhusu upungufu wa kawaida wa mwinuko huo, kona ya mwendo wa kilomita 60 inahitaji nusu kipenyo cha mita 250 hivi. Kwa 120 inataka karibu mita 1,000. Kwa 160 inakaribia mita 1,800, na kwa 300 inapita kilomita sita. Hapo ndipo unapoona kwa nini njia ya zamani, yenye upana wa mita moja kati ya reli, haikuweza kunyooshwa kidogo ikapewa jina jipya. Waliojenga zamani walizunguka kila kilima ili kukwepa gharama ya kuchimba. Njia ya mwendo mara mbili inataka kona pana mara nne, na kona pana haziulizi shamba ni la nani.

Ndiyo maana ardhi ilikuwa mtihani wa kwanza wa mradi, kabla ya chuma. Njia kuu ya kilomita 272 inapita Tororo, Butaleja, Namutumba, Luuka, Iganga, Mayuge, Jinja, Buikwe, Mukono na Wakiso kabla ya kufika Kampala. Katiba ya Uganda ya 1995, ibara ya 26, inataka mwenye ardhi alipwe fidia ya haki mapema, kabla mali yake haijachukuliwa. Oktoba 2015 Mahakama ya Juu ilikazia sharti hilo katika kesi dhidi ya mamlaka ya barabara, ikabatilisha kifungu cha sheria kilichokuwa kikitumika kutwaa ardhi kwanza na kulipa baadaye. Sheria ya Ardhi inaongeza posho ya usumbufu juu ya thamani: asilimia 15, na asilimia 30 ikiwa mwenye ardhi amepewa notisi inayopungua miezi sita. Kwa mpangaji wa mradi maana yake ni wazi: ukichelewesha notisi, bei inapanda. Ukithamini shamba leo ukalipa baada ya miaka mitano, mwenye shamba anaupokea uthamini uliokwisha kuchakaa huku bei ya ardhi jirani imepaa. Kazi ya kuthamini na kulipa ilianza upande wa Tororo miaka mingi kabla ya mkandarasi wa sasa kupatikana. Huo ulikuwa uamuzi sahihi, lakini ushoroba uliolipwa ukakaa bila reli ni ushoroba unaorudiwa kulimwa na kujengwa, na madai huanza upya.

Kilichouweka mradi kitandani miaka yote hiyo ni fedha, na fedha ilikwama Malaba. Nchi za Ushoroba wa Kaskazini, njia ya mizigo ya Mombasa, zilikubaliana mwaka 2014 kujenga reli moja ya kipimo cha milimita 1,435. Mwaka 2015 Uganda ikaingia mkataba na kampuni ya China Harbour, huku tegemeo la mkopo likiwa Benki ya Exim ya China. Kenya ilifungua Mombasa hadi Nairobi mwaka 2017, kilomita 472, kisha Nairobi hadi uwanda wa Suswa, karibu na Naivasha, Oktoba 2019, kilomita 120 nyingine. Pale njia ikakoma. Kutoka hapo hadi Malaba kupitia Kisumu zimebaki karibu kilomita 370. Mkopeshaji akamuuliza Mganda swali ambalo mkopeshaji yeyote angeuliza: treni yako itapata wapi mzigo ikiwa njia ya jirani imeishia porini, mbali na mpaka? Kampala haikuwa na jibu, kwa kuwa jibu lilikuwa Nairobi. Mwanzoni mwa 2023 mkataba ukavunjwa.

Oktoba 2024 Uganda ilisaini mkataba mwingine na kampuni ya Uturuki, Yapi Merkezi, ileile iliyojenga Dar es Salaam hadi Makutupora. Bei ni Euro bilioni 2.7 na muda ni miezi 48. Ukigawa kwa njia kuu peke yake, bila kuhesabu yadi na njia za pembeni, ni karibu Euro milioni 10 kwa kilomita. Fedha sasa inatafutwa kwa wakopeshaji wengi badala ya mmoja. Hilo huchukua muda mrefu zaidi mezani, lakini linaondoa hatari ya mradi mzima kulala kwa sababu benki moja imesema hapana.

Umeme ndio unaonifanya niutetee mpango huu mpya. Treni za SGR ya Kenya huvutwa na vichwa vya dizeli. Uganda imechagua umeme wa volti 25,000, na sababu iko majini: bwawa la umeme la Bujagali lina megawati 250, la Isimba 183, na la Karuma lililokamilika 2024 lina 600. Nchi isiyo na bandari, inayonunua sehemu kubwa ya dizeli yake kupitia barabara hizihizi za Busia na Malaba, ingefanya kosa kujenga reli ya kuteketeza dizeli. Kiufundi, mfumo huu unahitaji kituo cha kupozea umeme kila kilomita 40 hadi 60 hivi, kikilishwa na gridi imara kutoka pande mbili ili hitilafu ya upande mmoja isisimamishe treni. Kwa hiyo mhandisi wa reli analazimika kukaa meza moja na mhandisi wa gridi tangu siku ya usanifu. Kichwa cha umeme pia kinaposhuka mteremko kinaweza kurudisha sehemu ya umeme kwenye waya, jambo ambalo kichwa cha kawaida cha dizeli hakiwezi, kwani hupoteza nguvu yote kama joto la breki.

Kutoka Tororo kwenda magharibi adui ni maji. Butaleja na Namutumba ni nchi ya mabonde ya mpunga na mafunjo, na maji ya Mto Manafwa ndiyo yanayolisha skimu ya mpunga ya Doho. Udongo wa chini ni laini, umejaa maji, na tuta la reli likiwekwa juu yake hudidimia polepole kwa miezi au miaka. Barabara inaweza kuvumilia bonde la sentimita chache. Reli haiwezi, kwa sababu mwendo unashuka au mataruma yanaanza kucheza. Mkandarasi ana njia chache: kuchimba tope lote na kujaza mawe, kutoboa mashimo ya mchanga ili maji yapate pa kutokea haraka, kulundika udongo wa ziada juu ya tuta na kusubiri lishuke kabla ya kuweka reli, au kujenga daraja refu na kuachana na tuta. Njia ya kusubiri ni ya bei nafuu lakini inakula ratiba. Pia tuta lisilo na makalvati ya kutosha hugeuka bwawa: upande mmoja mpunga unazama, upande wa pili unakauka. Mimi ningependa kuona mabonde hayo yakivukwa kwa madaraja hata kama bei inaongezeka, maana mkulima wa Butaleja hatakuwa na wa kumlalamikia mkandarasi akishaondoka.

Sasa turudi mpakani. Kenya imetangaza kuiendeleza njia yake kupitia Kisumu hadi Malaba. Kabla haijafika, kontena la Kampala linapanda SGR hadi Naivasha, linahamishiwa kwenye reli ya zamani kupitia kiunganishi kifupi kilichojengwa hapo, linafika Malaba kwa treni ndogo. Uganda ikimaliza kwanza, kontena hilo litanyanyuliwa mara ya pili pale Malaba kurudi kwenye kipimo kipana. Kila kunyanyua ni kreni, ni yadi, ni saa. Na Kenya ikifika na dizeli yake, vipimo vya reli vitalingana lakini vichwa vitabadilishwa mpakani. Sehemu ya makutano inataka kukubaliwa hadi sentimita: mahali pa kuvukia, kimo cha reli, mteremko wa kuingia na wa kutoka, lugha ya ishara ambayo dereva ataisoma pande zote mbili.

Kwa hiyo yadi ya Malaba ingefaa kujengwa mwanzo, na kubwa kuliko hesabu ya mizigo ya leo. Treni moja ya SGR ya Kenya hubeba mabehewa 54, kontena 108 za futi 20. Ikifika treni moja kwa mkupuo na forodha ikaikagua kontena kwa kontena kama inavyokagua lori, njia ya kilomita 120 kwa saa itakuwa imeunganishwa na foleni. Januari 2022, masharti ya kupima korona yalipobadilishwa, malori yalipanga foleni ya makumi ya kilomita upande wa Kenya.

Na hapa ndipo Busia inaponihusu. Kituo cha pamoja cha forodha kilizinduliwa rasmi pale Februari 2018, na mawakala, madereva, wauza chakula na wabadilisha fedha wa mji ule wanaishi kwa lori. Kontena likihamia reli, kazi yao inahamia Tororo, safari ya kilomita 30 hivi. Barabara nzuri ya mizigo kati ya Busia na yadi ya Malaba, pamoja na leseni za uwakala zitakazotolewa kwa usawa kwa watu wa miji yote miwili, ni gharama ndogo sana mbele ya Euro bilioni 2.7, na zinapaswa kuandikwa kwenye mpango sasa, wakati michoro ya yadi bado inaweza kubadilishwa.