Safari Bila Wasafiri: Uhakiki wa Mbio za Safari katika Gemu za Runinga

Utangulizi

Tangu nitaje mada hii kwenye korido za idara yetu, swali ni lile lile: "Hivi gemu nayo ni fasihi?" Mwalimu mmoja alinirudishia pendekezo langu la tasnifu na maneno mawili tu pembeni: "Ni mchezo." Sawa, ni mchezo. Lakini kitendawili nacho ni mchezo, ngoma ni mchezo, na tamthiliya yenyewe mitaani inaitwa mchezo wa kuigiza. Vyote hivyo tunavisoma na kuvifanyia mtihani. Kwa hiyo neno hilo halifungi mjadala. Kwa maoni yangu ndiyo kwanza linaufungua.

Katika makala haya nahakiki gemu mbili za mbio za magari. Ya kwanza ni Colin McRae Rally 2.0, iliyotengenezwa na kampuni ya Codemasters ya Uingereza na kutoka mwaka 2000 kwa ajili ya PlayStation. Ya pili ni WRC 9, kazi ya Kylotonn ya Ufaransa, iliyotoka Septemba 2020. Nimezichagua kwa sababu zote mbili zimebeba mbio za Safari za Kenya, mbio pekee kubwa duniani zenye jina la Kiswahili, na ambazo zamani zilikuwa zetu pia. Nitatumia vigezo vyetu vya kawaida vya fani na maudhui, halafu nitaangalia jinsi kazi hizi zinavyopokewa Same, mji uliokaa chini ya Milima ya Upare, ambako ndiko kwetu.

Chimbuko

Huwezi kuhakiki nakala bila kuijua kazi ya asili. Safari ilianza mwaka 1953 kusherehekea kutawazwa kwa Malkia Elizabeth wa Uingereza. Ni kweli, ilizaliwa mikononi mwa ukoloni, na hilo tusilifiche. Ilipita Kenya, Uganda na Tanganyika. Ilikuwa ndefu kupita kiasi, miaka mingine kufikia takriban kilometa 5,000, tena wakati wa Pasaka mvua zinapokuwa zimechachamaa. Mwaka 1963, na tena 1968, magari yaliyofika mwisho yalikuwa 7 tu. Bert Shankland, aliyekuwa mkazi wa Tanzania, alishinda mwaka 1966 na 1967 kwa Peugeot 404. Joginder Singh wa Kenya alishinda mara tatu. Shekhar Mehta, mzaliwa wa Uganda, alishinda mara tano.

Kufikia katikati ya miaka ya sabini mbio hizo zilikuwa zimebaki Kenya peke yake. Mwaka 1977 Jumuiya ya Afrika Mashariki ikavunjika, na mpaka wetu na Kenya ukafungwa. Safari ikaendelea bila sisi mpaka ilipoondolewa katika ubingwa wa dunia baada ya mwaka 2002. Ilirudi mwaka 2021, makao yake yakiwa Naivasha.

Jambo moja la ajabu hapa. Safari ilipangwa kurudi mwaka 2020 ikaahirishwa kwa sababu ya korona. Lakini WRC 9 ilitoka mwaka huo huo ikiwa na Kenya ndani yake. Maana yake vijana walishinda Safari mpya sebuleni kabla dereva yeyote wa ubingwa wa dunia hajaikimbia! Nakala ilitangulia tukio. Kama hilo si suala la kinadharia kwa mhakiki, basi sijui nadharia ni nini.

Fani

Muundo wa gemu hizi ni wa moja kwa moja. Unaanza peke yako, unashindana na saa, unafika, unasomewa muda. Wahusika ni watatu: dereva, ambaye ni wewe mwenyewe, saa, ambayo ndiyo mpinzani, na msoma ramani, ambaye humwoni bali unamsikia.

Huyu msoma ramani ndiye mhusika aliyejengwa vizuri kuliko wote. Katika Colin McRae Rally 2.0 sauti ni ya Nicky Grist, aliyekuwa msoma ramani halisi wa McRae. Wawili hao walishinda Safari pamoja mwaka 1997, 1999 na 2002. Lugha yake ni ya mkato mno. Kila kona ina upande na namba, na namba ikiwa ndogo kona ni kali. Ukitafsiri unapata kitu kama: kushoto sita, kilima, kulia tatu, usikate. Hakuna kitenzi kisichohitajika. Tena maneno yanatangulia macho: unaambiwa kona kabla hujaiona, na usipoamini, umekwisha. Nasema bila woga kwamba huu ni utanzu. Una fomula, una mapigo, na unaishi katika utendaji tu. Ukiuandika karatasini unabaki mifupa.

Mandhari ndiyo yenye utata. Kenya ya gemu zote mbili ni nchi kavu, tambarare, yenye vumbi na upeo mpana. Mtetezi wa watunzi atasema Naivasha ndivyo ilivyo, na kwa kweli vumbi la Bonde la Ufa ndilo lililowatesa madereva mwaka 2021. Nakubali. Lakini tazama ugawaji mzima: msitu, ukungu, baridi na kona za mlimani vimepewa Ulaya. Afrika imepewa ukame. Mtu aliyekulia chini ya Shengena, mlima wenye urefu wa zaidi ya meta 2,400, penye migomba, tangawizi na ukungu wa asubuhi, anajitafuta katika Afrika ya gemu na hajioni.

Maudhui

Dhamira kuu ya Safari ya asili ilikuwa uvumilivu. Mshindi hakuwa lazima mwenye kasi kuliko wote. Alikuwa yule aliyelitunza gari lake likafika. Tena hadi mwaka 2002 barabara hazikufungwa. Magari ya mbio yalikutana na mabasi, ng'ombe na watu wanaotoka sokoni, ndiyo maana timu kubwa zilirusha helikopta mbele kuangalia njia. Sehemu moja tu ya mashindano iliweza kuzidi kilometa 100.

Gemu imebadilisha dhamira hiyo. Safari yake ni ya dakika chache, na chenye thawabu ni kasi. Gari likibondeka linatengenezwa, na ukiharibu kabisa unaanza upya. Hapa naona mgogoro kati ya fani na maudhui: fani ya dakika tano haiwezi kubeba maudhui ya siku nne. Sisemi gemu iwe na urefu wa siku nne, hakuna atakayeicheza. Ila mtunzi aliyechukua jina la Safari akaacha uvumilivu amechukua ganda.

Na barabara ni tupu. Watazamaji wapo kando, wamesimama kama miti. Hakuna anayevuka, hakuna mwenye ndoo, hakuna duka. Kiswahili kinasema safari kwa maana ya mwendo wa mtu kutoka kwake kwenda anakohitajika. Wageni walilichukua neno wakalipa maana ya porini na wanyama. Gemu hizi zimefuata maana yao: safari bila wasafiri.

Mapokezi

Profesa Mulokozi, katika makala yake ya mwaka 1989 kuhusu tanzu za fasihi simulizi, alitufundisha kuitazama fasihi simulizi kama tukio lenye fanani, hadhira, mahali na wakati. Basi nilichukua fundisho hilo nikaenda nalo likizo katika kibanda cha gemu karibu na stendi ya Same.

Mpira ndio unaotawala pale, hilo halina ubishi. Lakini WRC 9 ikiwekwa, mambo hugeuka. Kwanza sauti ya msoma ramani inapunguzwa, maana Kiingereza chake kinakimbia mno. Halafu mmoja anasimama nyuma ya mchezaji na kusoma njia kwa Kiswahili, akichomekea Chasu pale inapouma. Aliyeifanya kazi hiyo vizuri kuliko wote nilioona alikuwa utingo wa magari ya mlimani. Hakutaja namba hata moja. Alitaja mahali: "Hii ya Mwembe hii, punguza... sasa tunapanda Mbaga, kaa ndani, kaa ndani, kuna korongo!" Hadhira ikamjibu, ikamkosoa, ikamcheka mchezaji alipoanguka. Fanani yupo, hadhira ipo, mahali na wakati vipo. Tunatafuta nini zaidi?

Ila angalia alikuwa anacheza wapi. Hakuwa Kenya, alikuwa Monte Carlo! Kona za kule ndizo zilizomkumbusha barabara ya kwao. Kenya ya gemu waliipa jina jingine: barabara ya Kisiwani, ile ya chini inayopita kando ya Mkomazi kuelekea Gonja na Ndungu. Yaani vijana wa Same, bila semina wala nadharia, wameivunja ramani ya mtunzi na kuigawa upya. Mlima wameurudisha Upare.

Upo upande wa pili nao. Baadhi ya vijana hao ni madereva wa bodaboda, na jioni wanapeleka abiria mlimani kweli. Korongo la Mbaga halina kitufe cha kuanza upya. Nilimuuliza mmoja kama gemu haimfundishi ujeuri. Akanijibu, "Kule ndani unashindana na saa, huku unashindana na lori linaloshuka." Jibu lake ndilo uhakiki mfupi kuliko wote niliousikia juu ya kazi hizi, kwa sababu limegusa hasa kile kilichoachwa: mtu mwingine barabarani.

Kufaulu na Kutofaulu

Watunzi wamefaulu katika lugha ya msoma ramani, katika hisia ya udongo chini ya magurudumu, na katika kumweka mchezaji peke yake mbele ya hofu yake. Wameshindwa katika dhamira ya uvumilivu, katika mandhari yaliyogawa Afrika na mlima mbalimbali, na katika kuifanya barabara mali ya magari tu. Wametumia neno letu bila kutumia lugha yetu: hakuna msoma ramani wa Kiswahili katika mbio zenye jina la Kiswahili.

Hitimisho

Msimamo wangu ni kwamba gemu hizi zihakikiwe darasani, tena kwa vigezo tulivyonavyo, maana vimetosha. Na pawepo mtu wa kwenda na kinasa sauti kwenye vibanda vya Same, Mwanga na Hedaru, akusanye usomaji wa njia kabla mtindo haujabadilika. Gemu hubadilishwa kila mwaka. Utingo naye akipata gari jingine, haonekani tena kibandani.