Hekalu la Horyu-ji na Hoja ya Ukale Wake

Nyumba ya watawa wa dini ya Buddha iitwayo Horyu-ji, karibu na Nara katika nchi ya Japani, yasifiwa kwa majengo ya mbao yaliyo ya kale kuliko yote yaliyosalia duniani. Mapokeo yasema iliasisiwa mwaka 607 na mwana wa mfalme, Shotoku. Lakini kitabu cha tarehe, Nihon Shoki, chanena ya kuwa mwaka 670 iliteketea, lisibaki hata jengo moja.

Hapo wataalamu walishindana. Sekino Tadashi, mjuzi wa ujenzi, aliona katika majengo kipimo cha zamani, akaikataa habari ya moto. Kita Sadakichi, mjuzi wa tarehe, aliyashika maandiko. Mwaka 1939 ardhi ikachimbwa, ukaonekana msingi wa hekalu la kwanza, ambamo mnara na ukumbi vilifuatana mstari mmoja. Katika hekalu lililopo vimesimama bega kwa bega, mnara wa orofa tano upande wa magharibi, ukumbi upande wa mashariki. Basi maandiko yalishinda.

Walakini Sekino asidharauliwe. Pete za nguzo kuu ya mnara zimeonyesha ya kuwa mti wake ulikatwa mwaka 594. Ukale aliouona ulikuwapo. Kosa lake ni kudhani ya kuwa ukale wa kipimo ndio umri wa jengo, hali fundi huweza kushika kipimo cha babu zake. Nasi tuchunguzao desturi, tusihukumu kwa umbo tu.