Sauti ya Mwingine, Uso wa Fröbe

Katika filamu ya Goldfinger, iliyoongozwa na Guy Hamilton na kutolewa mwaka 1964, Mjerumani Gert Fröbe, akiwa Goldfinger, adui wa jasusi James Bond, huonekana akinena Kiingereza fasaha kisichokwama popote. Lakini sauti ile si yake, bali ni ya Mwingereza Michael Collins, aliyeitia baadaye studioni, kwa kuwa lugha hiyo ilikuwa ikimpa Fröbe taabu kubwa. Hamilton alimtaka ayatamke maneno yake upesi upesi, ili mwendo wa midomo ulingane na maneno yatakayotiwa. Basi mwigizaji aliyeondolewa sauti, ambayo ndiyo silaha ya kwanza ya kazi yake, alibakiwa na nini cha kututia hofu?

Alibakiwa na kusikiliza. Litazame onyesho la Miami, pale Goldfinger anapomwibia mwenzake katika mchezo wa karata, sikioni akiwa na kidude kinachomletea habari za karata za mpinzani kutoka kwa msichana aliye ghorofani na darubini. Mara sauti inageuka: ni Bond, anamwamuru aanze kushindwa. Fröbe hatamki neno. Uso unaganda, na penseli aliyoishika inavunjika mkononi mwake. Ghadhabu yote, ambayo mwigizaji dhaifu angaliimwaga kwa kelele, imeteremka hadi vidoleni na kukomea hapo.

Ustadi huo haukuzuka siku moja. Fröbe, aliyezaliwa mwaka 1913 karibu na Zwickau, katika Saksonia, alikuwa mpiga fidla hodari tangu ujanani, kisha akawa mchoraji wa mandhari ya jukwaa huko Dresden, ambako Erich Ponto, mwigizaji mashuhuri wa zama zile, alimfundisha sanaa ya kuigiza. Naona athari ya fidla katika kila kazi yake: mkono uliozoea kupima nguvu ya upinde haupotezi harakati bure. Mwaka 1948, katika Berliner Ballade ya Robert Stemmle, alikuwa Otto, askari anayerejea Berlin iliyobomoka, mwembamba kama ufito. Na atakayemtazama Otto baada ya kumjua Goldfinger atastaajabu kwamba ni mtu yule yule.

Ila kilele chake, kwa rai yangu, ni filamu ya mwaka 1958, Es geschah am hellichten Tag, iliyoongozwa na Ladislao Vajda, na Friedrich Dürrenmatt akiwa miongoni mwa walioandika mchezo wake. Fröbe ni Schrott, muuaji wa watoto, naye Heinz Rühmann ni afisa wa polisi anayemwinda. Mwigizaji mwingine angalimkunjia mtoto uso. Fröbe, kinyume chake, anakuwa laini. Nyumbani ni mume mnyonge, anayekaripiwa na mke aliyemzidi umri naye anameza kila neno. Msituni, mbele ya binti mdogo, anavaa kikaragosi mkononi na kukichezesha kwa furaha ambayo, ole wetu, si ya kujisingizia. Kiwiliwili kile kikubwa kinajikunja na kupungua ili kifikie kimo cha mtoto, na kadiri kinavyopungua ndivyo hofu yetu inavyozidi, maana hatuoni hila ya kuikamata wala ukali wa kuukimbia. Kwa kazi hiyo ndipo watayarishaji wa filamu za Bond walipomtaka, nao walijua wanachonunua: si sauti, bali ule upole usioaminika.

Wajerumani walipotayarishiwa Goldfinger kwa lugha yao, Fröbe aliingia studioni mwenyewe kumtilia sauti Goldfinger. Akalazimika kuvipachika Kijerumani chake na sauti yake halisi juu ya midomo yake mwenyewe, iliyokwisha kujitahidi kufuata Kiingereza.