Mganga, Mchawi na Nyanya: Vibonzo vya Molly Knox Ostertag kwa Mtazamo wa Ekerenyo

Uhakiki wa fasihi katika Kiswahili umekawia kuvipa vibonzo nafasi inayovistahili. Juha Kalulu wa Edward Gitau alidumu katika kurasa za Taifa Leo kwa miongo mingi. Shujaaz, lililoanza mwaka wa 2010 kwa lugha ya Sheng, liliwafikia vijana wengi bila malipo. Hata hivyo, kazi hizi hutajwa zaidi kama burudani au nyenzo za uhamasishaji kuliko kama sanaa yenye kanuni zake. Pengo hilo hupanuka pale vibonzo vinapomlenga mtoto na kuwasawiri watu wanaopenda wa jinsia yao, au wasiotoshea katika mgawanyo wa kawaida wa kike na kiume. Hapo mjadala huachiwa mahakama na bodi za udhibiti. Makala haya yanachunguza kazi za Molly Knox Ostertag, mchoraji wa Marekani, na kuzisoma kutoka Ekerenyo, mji mdogo wa soko katika Nyamira Kaskazini. Hoja ya msingi ni kwamba usomaji wa namna hiyo unafichua katika kazi hizi jambo ambalo lugha yake ya asili inalifunika: maarifa yaleyale huitwa uganga au uchawi kutegemea ni nani anayeyashika.

Ostertag alianza kujulikana mwaka wa 2012 kwa Strong Female Protagonist, kisa cha picha alichokichora kwa ushirikiano na mwandishi Brennan Lee Mulligan. Jina lake katika fasihi ya watoto lilithibitishwa na The Witch Boy (2017), kilichofuatwa na The Hidden Witch (2018) na The Midwinter Witch (2019). Katika utatu huu, ukoo wa mhusika mkuu, Aster, umegawanya vipawa kwa misingi ya jinsia: wasichana hufundishwa dawa na maombezi, wavulana hufundishwa kujigeuza wanyama. Aster, mvulana wa miaka 13, hawezi kujigeuza. Anachokitamani ni elimu ya wasichana, naye huiiba kwa kujificha na kusikiliza. Mbele yake limewekwa onyo: Mikasz, ndugu wa nyanya yake, aliyevutwa na maarifa hayo katika ujana wake na akaishia kuwa dubwana.

Mfasiri wa Kiswahili atakwama kwenye jalada lenyewe. Kiingereza cha Ostertag kinatumia neno moja kwa mama anayeheshimiwa na kwa mvulana anayekatazwa. Kiswahili hakimpi mfasiri nafasi hiyo ya kujificha; lazima achague kati ya mganga na mchawi. Ekegusii nacho hutenganisha waziwazi omoragori, mpiga ramli ambaye aghalabu ni mwanamke, na omorogi, anayedhaniwa kudhuru watu usiku. Katika nchi ya Gusii uchaguzi huu si wa kamusi tu. Mwezi Mei 2008 watu 11 waliuawa huko Kisii kwa tuhuma za uchawi, wengi wao wakiwa wazee. Oktoba 2021 wanawake wazee wanne waliuawa huko Marani kwa tuhuma zizo hizo. Neno ambalo kwa msomaji wa New York huleta taswira ya kofia ndefu na ufagio, kwa msomaji wa Ekerenyo huleta taswira ya nyumba inayoungua.

Ugumu huu haufai kukwepwa, kwani ndani yake ndimo mlimo na thamani ya kitabu. Tafsiri inayofaa ingetumia maneno yote mawili: wanawake wa ukoo waitwe waganga, na Mikasz aitwe mchawi. Msomaji angeona mara moja kwamba elimu ya Mikasz ni ileile ya dada yake, na kwamba kilichombadilishia jina ni mwili wake na woga wa jamaa zake. Hapa Kiswahili kinaifanyia hadithi kazi ambayo Kiingereza hakikuweza kuifanya. Dhamira ya Ostertag hudhihirika kikamilifu pale jina linapokuwa na uwezo wa kuua.

Suala la pili ni la nani anayezungumza na mtoto. Robert LeVine na Barbara LeVine, waliofanya utafiti katika Gusii kwenye miaka ya 1950, walieleza kwa kirefu kanuni ya chinsoni, yaani staha inayowazuia wazazi na watoto wao kugusia mambo ya mwili mbele ya wenzao. Kanuni hiyo haikumfunga magokoro, nyanya, ambaye angeweza kutaniana na mjukuu wake na kumweleza yasiyosemwa na mama. Muundo huohuo unajitokeza katika utatu wa Ostertag. Katika The Hidden Witch anayemwita Aster ni nyanya yake, naye humpa kazi ya kumsaidia kumponya Mikasz. Wakati huo mama, kwa upendo na kwa hofu, ndiye anayemtaka Aster asijionyeshe mbele ya ukoo mzima katika The Midwinter Witch. Msanii ameigundua upya, kwa njia yake, hekima ambayo emegano za Kigusii ziliitegemea: baadhi ya mambo humfikia mtoto kwa kuruka kizazi kimoja.

Kwa kigezo hiki, The Girl from the Sea (2021) kinaonekana tofauti na jinsi kinavyosifiwa. Hapa fumbo limeachwa. Morgan, msichana wa miaka 15 katika kisiwa cha Kanada, anampenda Keltie, ambaye ni sili akiwa majini na binadamu akiwa nchi kavu. Hatimaye Morgan anamwambia mama yake ukweli. Michoro ya bahari ni ya kuvutia, na aibu ya Morgan mbele ya rafiki zake imesawiriwa kwa uangalifu mkubwa. Hata hivyo, msomaji aliyelelewa chini ya chinsoni atamsadiki sili anayegeuka msichana kabla hajayasadiki mazungumzo hayo ya mama na binti. Kwake, mama ndiye mtu wa mwisho wa kuambiwa. Huo si upungufu wa msomaji. Ni ishara kwamba uwazi nao una utamaduni wake, na kwamba kazi iliyo wazi zaidi si lazima iwe ndiyo inayofika mbali zaidi.

Yapo mapingamizi. La kwanza ni kwamba mambo haya ni ya kigeni. Lakini miongoni mwa Abagusii, kama miongoni mwa Wanandi, mwanamke asiye na mtoto wa kiume aliweza kumwoa mwanamke ili nyumba yake isifutike; mwaka wa 2011 Mahakama Kuu mjini Mombasa iliitambua ndoa ya namna hiyo ya Kinandi katika kesi ya urithi. Ndoa hiyo haikukusudiwa kuwa ya mapenzi ya kimwili, na ni kosa kuitumia kana kwamba ilikuwa hivyo. Inachothibitisha ni kwamba mila yenyewe ilijua kuutenga wajibu wa kijinsia na mwili unaoubeba. Hilo ndilo analoliomba Aster, wala haombi zaidi.

Pingamizi la pili ni la kisheria. Mwezi Juni 2017, mwaka uleule wa The Witch Boy, bodi ya filamu nchini Kenya ilipiga marufuku vipindi sita vya katuni za watoto, vikiwamo The Legend of Korra na Steven Universe, kwa madai kwamba vinaeneza ushoga. Tarehe 24 Mei 2019 Mahakama Kuu ilikataa kuvibatilisha vifungu vya 162 na 165 vya Kanuni ya Adhabu. Katika mazingira hayo baadhi ya wahakiki wataliona fumbo la Aster kuwa ni ujanja wa kumpenya mdhibiti. Mtazamo huo unalidunisha fumbo. Katika fasihi ya Kiswahili fumbo halijapata kuwa kificho tu. Ni namna ya kumheshimu msikilizaji kwa kumwachia sehemu ya kazi. Mtoto anayejiona katika Aster huelewa bila kuambiwa. Asiyejiona naye hupata cha kujiuliza kuhusu Mikasz.

Dosari ya Ostertag iko kwingine. Dubwana lake huponyeka kwa sababu aliolitengeneza ni ukoo mmoja wenye mapenzi. Nje ya ukoo huo hakuna umati wenye viberiti, wala mzozo wa shamba unaogeuzwa tuhuma. Katika The Deep Dark (2024), kazi iliyolenga vijana wakubwa zaidi, anaanza kuukaribia uzito huo: Mags anamuuguza nyanya yake huku akificha chini ya nyumba kitu kinachomnyonya nguvu, na rafiki wa utotoni, Nessa, msichana aliyebadili jinsia, anarudi na kuuona mzigo huo. Nyanya aliyekuwa mponyaji sasa ndiye anayehitaji kutunzwa. Hiyo ni hatua ya kukomaa kisanaa.

Kwa msomaji wa Ekerenyo, badiliko hilo lina maana isiyoweza kuwa imekusudiwa na msanii. Wanaoshukiwa uchawi huko ni walewale magokoro ambao mila iliwapa ruhusa ya kumsikiliza mtoto asiye na wa kumwambia. Kila mmoja wao anapouawa, mtoto fulani hubaki na wazazi wanaompenda lakini wasioweza kusema naye. Vibonzo haviwezi kukaa mahali pa nyanya. Vinaweza, walau, kumwonyesha mtoto kwamba aliyeitwa mchawi alikuwa na jina jingine kabla ya hilo.